Mbebaji wa Mbele

Tik. Tik-tik. Kimya. Tik.

Sekela alisimama jikoni na njiti ya kiberiti mkononi, hajaiwasha, akatega sikio. Umeme wa mtambo wa mtoni ulikatwa tangu magharibi, ndivyo ulivyo mgao wa mtaa wao, na nyumba ilikuwa na giza la ndani ya chungu. Sauti ilitoka sebuleni. Haikuwa panya, maana panya hana mdundo. Vilikuwa vitufe vya pedi ya gemu, vinabonyezwa na mtu anayehesabu moyoni.

"Atu, umeme hakuna. Unacheza na nini?"

"Sichezi, mama. Najizoeza." Tik. "Baba akienda hatua mbili, mimi nasubiri. Akienda moja, na mimi moja. Nikiwahi, kengele inaanguka."

"Haya, jizoeze taratibu. Nakuwashia taa sasa hivi."

Hakuwasha kwanza. Alifungua mlango wa nje kufuata mkaa aliouacha barazani, na mguu wake mtupu ukazama kwenye kitu laini, baridi, kinachopenya katikati ya vidole. Akainama, akakigusa, akakinusa. Jivu. Jivu la jiko lililolala, limemwagwa kizingitini pake na kusawazishwa kwa kiganja kama unga kwenye ungo. Mtaani kwao hakuna asiyejua maana yake: hatuji kuomba moto kwako, na wewe usije kuuomba kwetu.

"Nani huyo, mama?"

"Upepo tu."

Akachukua ufagio akafagia gizani polepole, ili mtoto asisikie kwamba ufagio una hasira.

*

Kosa la Sekela lilikuwa kazi yake. Yeye ndiye mchekechaji wa Maktaba ya Michezo, lile ghala la chai la zamani lililoko juu ya Tukuyu, ambamo siku hizi hakuna hata jani la chai.

Humo ndani, kwenye mabamba ya kumbukumbu yaliyopangwa kama vigae, mlihifadhiwa michezo ya video ambayo babu na bibi zao waliicheza kabla mashine hazijafungwa. Mashine za sasa hazifunguliki. Ukigusa skrubu yake moja, inajiua, na usipoigusa inakutazama wewe kuliko unavyoitazama. Zile za zamani zilikwisha kuoza. Kilichobaki ni Mwigo, kabati la chuma lililojua kujifanya mashine yoyote ya kale, kwa ufundi ambao hata mchezo wenyewe haukugundua kwamba umedanganywa. Mtoto aliyeketi mbele ya Mwigo aliweza kuufungua mchezo, akaziona namba zinazomrusha yule mtu wa kwenye kioo, akabadilisha moja, na mtu akaruka juu zaidi. Sekela mwenyewe alijifunzia hapo, kwenye masomo ya jioni, Atu akiwa bado wa kubebwa mgongoni. Siku aliyomrusha mtu wa kwenye kioo mpaka akatoka nje ya dunia yake, Sekela alicheka peke yake njia nzima ya kurudi nyumbani. Tangu hapo aliweka nia kwamba mwanawe, na watoto wa mtaa mzima, wasikue wakibonyeza wasichokijua.

Lakini mvua ya Tukuyu haibembelezwi. Ukungu uliingia kwenye mabamba, ukaota kama unavyoota kwenye mkate, na kila uliposhika, mchezo mmoja ulikufa. Ghala Kuu, wanakogawa mabamba, lilileta jipya moja tu. Kiingie kinachoingia, kingine kioze.

Basi kanuni ikawa: mchezo mmoja, nakala moja. Maana nakala zilikuwa vurugu tupu. Mchezo uleule una nakala ya Kijapani, na ya Kireno, na iliyokatwa katikati, na ambayo mjanja fulani wa zamani aliichezea namba ili asife kamwe, na nyingine iliyobandikwa jina lisilo lake. Sekela alizitenga kwanza kwa mashine zake, kisha kwa majina yake ya kweli, kisha akakaa akazicheza. Inayokwenda kutoka mwanzo hadi mwisho bila kukwama ndiyo inayohamia kwenye bamba jipya. Nyingine zinafutwa.

Ingekuwa hivyo tu, asingemwagiwa jivu.

Mwigo ulikuwa na tabia moja ambayo waliouunda hawakuitaja. Ulikumbuka mikono. Mtu akicheza mchezo mmoja kwa miaka, Mwigo ulishika namna yake ya kubonyeza: anapowahi, anapositasita, kitufe anachokigusa mara mbili bila sababu. Siku mtu huyo asipokuja tena, ukimweka aliye hai kwenye pedi ya pili, ile ya kwanza ilijicheza yenyewe, kwa mkono wa yule asiyekuja. Watu walipogundua hilo, ikawa desturi. Siku ya kuondoa matanga, ndugu walipanda ghalani wakakaa na mkono wa marehemu wao. Na mkono haukuhamishika. Uliijua nakala yake peke yake, hadi namba yake ya mwisho. Uweke kwenye nakala nyingine ya mchezo huohuo, utauona unagonga ukuta kama kipofu aliyehamishiwa nyumba ngeni.

Kufuta nakala kulikuwa kufuta mkono. Mtaa ulikubali hivyo kwenye mkutano, kwa shingo upande, kwa sharti kwamba nakala nzima ibaki na mkono wake, na mbovu ifutwe na kidole cha ndugu wa damu, mbele ya watu. Wengi walikwisha kupanda ghalani wakabonyeza, wakateremka bila kumuaga Sekela.

*

"Shikamoo, mama."

Bi Lugano hakuitikia. Aliingia ghalani na kiti chake mwenyewe cha miguu mitatu, akakiweka chini, akakaa. Mwanamke huyu, jirani yao, ndiye aliyembeba Atu mgongoni siku zote za msiba wa Ambokile, mume wa Sekela. Alimpikia uji, alimnyamazisha usiku. Sasa alimtazama Sekela kama anayetazama nyoka aliyejikunja ndani ya kapu la mayai.

"Nimeambiwa ya mwanangu ni mbovu."

"Ina dosari, mama. Sauti inakwaruza tangu daraja la kwanza."

"Sauti inakwaruza. Na goti langu linakwaruza. Mtanifuta lini?"

Sekela alishika kitambaa, akapangusa bamba ambalo lilikuwa kavu tayari. Mchezo wenyewe uliitwa Madaraja ya Kengele. Watu wawili wanabeba kengele kubwa kwenye mti, mmoja mbele na mmoja nyuma, wanavuka madaraja ya kamba juu ya mawingu mpaka kilele, waitundike. Hatua zikitofautiana, kengele inaanguka. Ghalani zilibaki nakala mbili tu. Moja ilikuwa na mkono wa Anyosisye, mtoto wa pekee wa Bi Lugano. Nyingine ilikuwa na mkono wa Ambokile.

"Na isiyo na dosari ni ipi?" Bi Lugano aliuliza, ingawa mtaa mzima ulijua.

"Ni ile nyingine."

"Taja jina lake. Usiogope, hakudai kitu."

"Ya baba Atu."

"Ahaa." Bi Lugano alikunja kanga yake magotini, akailaza vizuri. "Kanuni uliipendekeza wewe. Kupima umepima wewe. Na aliyebaki ni mumeo. Mwamba ngoma, ngozi huivutia kwake."

"Nilizicheza zote mbili, mama."

"Mpaka mwisho?"

"Mpaka mwisho."

Wala hakudanganya. Alizicheza zote mpaka pale kila moja ilipoishia, na ndiyo maana alijua. Nakala ya Ambokile iliganda kwenye daraja la mwisho. Aliinakili ujanani kutoka kwenye diski iliyokwaruzwa, na kila alipofika pale mawingu yalisimama, na mbebaji wake akabaki na mguu mmoja hewani. Enzi za uhai wake alikuwa akicheka: "Hapo ndipo kwangu, mke wangu. Wengine wanajenga bondeni, mimi nimejenga darajani." Alipokufa, mkono wake uliendelea kwenda mpaka palepale na kusimama. Atu hakuona kwamba ni ubovu. Alisema baba ananisubiri nikue.

Sekela alikuwa amejipa sababu, na sababu akizitafuta mama mwenye mtoto hazikosekani. Ni mtoto gani wa Tukuyu aliyewahi kufika daraja la mwisho? Watoto wanafungua namba, hawatafuti kilele. Mkwaruzo wa sauti watausikia kila siku, mgando hawataufikia. Alijiambia hivyo mpaka maneno yakawa laini mdomoni kama muwa uliotafunwa mara nyingi.

"Jumamosi," Bi Lugano alisema, akiinuka. "Zichezwe zote, watu waone kwa macho yao. Kiti changu nakiacha hapa. Asikikalie mtu."

Alipoondoka, Sekela aliifungua nakala ya Anyosisye. Namba zilishuka kwenye kioo, safu kwa safu, kama mvua ya mbali. Alijua pa kugusa. Namba moja tu kwenye daraja la kati, na nakala ile ingekwama mbele ya watu, mapema kuliko ya Ambokile, na Bi Lugano angejua nini? Kidole chake kilikaa juu ya kitufe. Nje, Atu alikuwa akiruka kamba peke yake, maana watoto wa jirani walikwisha kukatazwa kucheza naye, na kamba ilipiga sakafu ya saruji, pa, pa, pa.

Mambo yote aliyoyasomea jioni zile, akitembea kwenye matope na mtoto mgongoni, yalikuwa yamemfikisha kwenye kidole hiki. Alikiondoa, akakikalia.

*

Jumamosi ghala lilijaa. Waliokosa viti walikaa kwenye magunia, waliokosa magunia walisimama. Hakuna aliyemsogezea Sekela nafasi, ikabidi apite kwa ubavu, amemshika Atu mkono. Mwenyekiti wa mtaa, Gwamaka, alisimama karibu na Mwigo akiwa amevaa koti lake la mikutano.

"Jamani, tusikilizane. Zinachezwa mbili. Inayofika inabaki. Matusi hatutaki."

"Matusi hakuna, mwenyekiti," alisema Kandonga, kijana fundi wa pikipiki mwenye sauti ya kuzoea injini. "Sisi tumekuja kuangalia senema. Baba yangu alifutwa kwa sababu kioo kilimeta mara moja. Mara moja tu. Leo tuone wenye bahati wanametaje."

Watu wakacheka, kicheko kisicho na meno.

Walianza na ya Anyosisye. Sekela mwenyewe alishika pedi ya pili. Sauti ilikwaruza kweli, kama bati linaloburutwa, na mtu mmoja akasema, "Si mbaya kuliko kwaya yetu." Kisha mbebaji wa mbele akaanza kwenda. Alikuwa na kitu chake Anyosisye: kila alipomaliza daraja, kabla ya kukanyaga ardhi, aligeuka akamtazama aliye nyuma. Mchezo haukumdai ageuke. Aligeuka tu.

Bi Lugano aliweka kiganja mdomoni. "Ndivyo alivyokuwa," alisema, bila kumwambia mtu. "Barabara hii tu ya sokoni, hawezi kuvuka bila kunigeukia."

Wakavuka daraja la mwisho. Kengele ikatundikwa. Mlio wake, kwa mkwaruzo ule, ulikuwa mbaya ajabu, na hakuna aliyecheka.

"Ya pili," alisema Gwamaka.

Atu alipanda kwenye kiti kabla hajaitwa. "Mimi ndiye najua hatua zake," alieleza, na kwa kuwa ilikuwa kweli, hakuna aliyempinga.

Sekela alitaka kusema hapohapo. Maneno yalikuwa tayari kooni. Lakini Ambokile alikwisha kuinua mti begani kwenye kioo, akasubiri kidogo, kama alivyozoea kusubiri watu, na Sekela akaiba dakika chache nyingine za kumwona. Mbili, kusubiri. Moja, na moja. Mtoto na mkono wa baba yake walipanda mawinguni pamoja bila kengele kutikisika, na hata Kandonga aliacha kutafuna njiti iliyokuwa mdomoni mwake. Ilikuwa kazi safi kuliko zote zilizowahi kuonekana ghalani mle. Mtu wa nyuma kabisa akanong'ona kwamba basi, kumbe mama wa watu hakukosea.

Daraja la mwisho. Ambokile aliinua mguu.

Mawingu yakasimama.

Walisubiri. Mtu akakohoa. Gwamaka akagonga kabati kwa kiganja, kama redio.

"Si mbovu," Atu aliwaambia. "Ananisubiri. Huwa ananisubiri hapa."

Kisha Kandonga akatoa njiti mdomoni. "Huwa," alirudia. "Mmesikia? Mtoto kasema huwa. Kwa hiyo dada mchekechaji alijua."

"Nilijua," Sekela alisema.

"Sema kwa sauti, walioko mlangoni hawajasikia."

"Nilijua tangu nilipoipima. Haifiki. Ya Anyosisye inafika. Niliandika kinyume."

Ghala likafoka. Mkuki kwa nguruwe, mmoja alipaza sauti. Mwingine alidai kwamba zote zilizofutwa zilifutwa kwa hila. Sekela aliapa kwamba hizo nyingine alizipima kwa haki, na hata alipokuwa anaapa alijua kwamba neno lake limekwisha kupoteza uzito, na kwamba hilo ndilo aliloliharibu hasa: kila aliyebonyeza kwa uchungu na kwenda kulala akijua ni haki, leo hatalala. Mama mmoja mpole alipendekeza zibaki zote mbili, maskini, kuna mtoto hapa. Kandonga akamgeukia. "Na baba yangu arudi, basi. Mtoto hata mimi nilikuwa."

"Desturi tunaijua," Gwamaka alisema, akitazama viatu vyake. "Inafutwa kwa kidole cha damu. Mke si damu."

Ndipo Sekela alipoelewa wanakokwenda. Macho ya watu yalikuwa yamemshukia Atu pale kitini, miguu yake haifiki chini, pedi bado mkononi, anamsubiri anayemsubiri.

"Huyu hapana," Sekela alisema.

"Mimi nilibonyeza kwa kidole hiki," Kandonga alisema, akakiinua. Kilikuwa cheusi kwa grisi. "Hakuna aliyeniambia mimi hapana."

"Ndiyo. Na tulikukosea, Kandonga. Mimi nilikuwepo, nikakushikia taa, nikaona ni sawa tu kwa kuwa ndiyo desturi. Haikuwa sawa." Sauti yake haikupanda. "Nichukieni. Nitoeni hata kazini, mwenyekiti, kesho tu. Lakini mtoto wangu hatamzima baba yake ili sisi wakubwa turidhike."

Hakungoja ruhusa. Alipita mbele ya Gwamaka, akaweka kidole chake, kidole cha mke, kisicho cha damu, juu ya kitufe. Ambokile alikuwa bado na mguu hewani. Sekela alimtazama kwa muda ambao mtu humtazama mwenzake akiwa amelala, akabonyeza.

Kioo kikawa cheusi. Ndani yake zikaonekana nyuso za watu wa ghalani, zote zimejipanga kama picha ya harusi, hazina furaha.

Wengine walianza kuokota kanga zao. Kandonga alisimama na kidole chake akakitazama kama si chake. Gwamaka aliiweka nakala ya Anyosisye kwenye bamba jipya, na taa ndogo ya kijani ikawaka kuonyesha kwamba imeingia na mkono wake. Bi Lugano aliketi kwenye kiti chake, ameshinda, na ushindi umemkalia vibaya kama nguo ya kuazima. Siku zote alizokuja ghalani alikaa na pedi ya pili magotini bila kuibonyeza, akamtazama tu mwanawe. Hakuwahi kumruhusu mtu mwingine, hata mpwa wake, kuishika. Leo alivumilia kwa sababu ya mashindano.

Sekela alipiga magoti mbele ya kiti cha mwanawe, akanyoosha mikono amkumbatie, akitafuta maneno ambayo shule ya jioni haikumfundisha. Lakini Atu alikuwa amekwisha kuteremka upande wa pili. Machozi yalimtoka na hakuyafuta, kwa kuwa mikono yake yote miwili ilikuwa na kazi. Alipita katikati ya miguu ya watu wazima, waya wa pedi ukiburutika nyuma yake, na watu wakasogea bila kujua kwamba wamesogea. Alisimama mbele ya kile kiti cha miguu mitatu, akapiga goti kama alivyofundishwa kwa wakubwa, akainua pedi kwa mikono miwili.

Bi Lugano alimtazama, kisha akatazama pembeni, kisha akamtazama tena.

"Bibi," Atu alisema, "naomba nibebe kengele na mjomba Anyosisye."